Stelingi Hafi

Kwetu Rutshuru, tulipokuwa watoto, filamu ilikuwa na watu wa aina tatu: akteri, bandi, na wengine. Akteri hafi. Bandi anakufa mwishoni. Wengine wanakufa wakati wowote, na hakuna anayeuliza walikuwa na majina gani. Nilipofika Kampala nikakuta mchezo ni uleule, neno tu ndilo tofauti: akteri huku ni stelingi, kama wanavyosema pia Wakenya na Watanzania. Sheria haijabadilika. Stelingi hafi.

Mimi nataka kuandika juu ya wale wengine. Nimekuwa nikiwafikiria tangu mwaka jana, kwa sababu ya filamu moja na kwa sababu ya yaya yangu. Kwa msomaji asiye Mkongo: huko pwani yaya ni mwanamke anayelipwa kulea watoto wa watu. Sisi yaya ni dada au kaka mkubwa. Wa kwangu ni dada, na alinilea, ila malipo hakupata.

Ninafanya kazi Wandegeya, katika duka la kuchapa na fotokopi. Kwa ninyi wa Rwamwanja na Nakivale ambao hamjafika: ukitoka mjini kwa Bombo Road hadi kwenye mataa, kushoto ni njia ya kupanda Chuo Kikuu cha Makerere, kulia ni upande wa hospitali ya Mulago, na bondeni kati ya vilima viwili ni mabanda yanayoitwa Katanga. Katanga! Nilipolisikia jina hilo mara ya kwanza nilicheka peke yangu, shaba haipo. Wandegeya yenyewe wanasema imetokana na endegeya, yaani mnana, wale ndege wanaofuma viota. Sasa viota vimebaki vya watu. Asubuhi kuna moshi wa rolex, chapati na mayai, jioni moshi wa kuku, na katikati kuna wanafunzi wanaokimbia na flash mkononi kwa sababu tarehe ya kuwasilisha tasnifu ni leo saa kumi.

Kazi yangu ni kurekebisha pambizo, kuweka namba za kurasa, kuchapa majedwali na kujalidi. Na tasnifu nyingi, ndugu zangu, zinatuhusu sisi. Nimechapa kurasa za wakimbizi kuliko mkimbizi yeyote ninayemjua. Asilimia ngapi ya wanawake wa Kyangwali wanafanya nini, nimelichapa jedwali lake kwa vidole hivi. Ila ukurasa ninaousoma kwa makini ni ule wa Shukrani. Kwanza msimamizi, halafu wazazi, Mungu, mchumba, marafiki wa hosteli. Mwisho kabisa, kabla ya nukta: wasaidizi wa utafiti, na waliohojiwa katika makazi.

Waliohojiwa kufichwa majina, naelewa. Kuna watu wanaotafutwa, kuna mambo ambayo ukiyasema yatakufuata hadi mlangoni. Lakini msaidizi aliyetembea juani wiki mbili akitafsiri maswali kutoka Kiingereza hadi Kiswahili, kutoka Kiswahili hadi Kinyabwisha, kisha majibu kurudi njia ileile, huyo hakuomba kufichwa. Nimekuwa msaidizi huyo mara mbili. Mara ya pili tasnifu ililetwa palepale dukani kwangu kujalidiwa. Nilijitafuta, nikajikuta kwenye herufi s ya wingi.

Basi, ile filamu. Nyuma ya duka letu kuna kibanda cha video. Siku moja umeme ulikatika mtaani, mvua ikaanza, kazi ikasimama, na kibanda kilikuwa na jenereta. Nikalipa, nikaingia. Wanaojua Uganda wanajua kwamba kibandani filamu haisikilizwi kwa sauti yake. Kuna VJ, mtu anayeisimulia juu kwa juu kwa Kiganda, anatafsiri, anaongeza, anatania, anawapa watu majina. Siku hiyo ilikuwa The Last King of Scotland, ya mwaka 2006, iliyopigwa hapahapa Uganda na Kevin Macdonald. Forest Whitaker ni Idi Amin. Kwa kazi hiyo alipewa Oscar mwezi wa pili mwaka 2007.

Lakini ukiiangalia vizuri, stelingi wa filamu ile si Amin. Ni kijana daktari Mskoti, Nicholas Garrigan, anayechezwa na James McAvoy. Tunaingia Uganda naye, tunatoka naye. Daktari huyo hakuwahi kuishi. Alitungwa na Giles Foden katika riwaya yake ya mwaka 1998. Kwa hiyo katika hadithi ya nchi nzima iliyokaa chini ya Amin kuanzia 1971 hadi 1979, ambamo waliouawa wanakadiriwa kufika 300,000, mtu tunayeambiwa tumhofie asife ni mgeni wa kubuni.

Kuna wawili waliokufa ambao sijaweza kuwaacha pale kibandani.

Wa kwanza ni Jonah Wasswa, waziri wa afya. Daktari anamwona akizungumza na mtu, anashuku, anamnong'oneza Amin. Basi. Wasswa hatumwoni tena. Neno moja la stelingi, na mtu ameondoka kwenye filamu na duniani. Baadaye stelingi anasikitika, uso wake unaonyeshwa kwa karibu, tunamwona anavyokua. Wasswa hana uso tena wa kuonyeshwa. Kifo chake kimekuwa somo la mwingine.

Wa pili ni Dakta Junju, Mganda, mwenzake hospitalini. Ni 1976, ndege ya Air France iko Entebbe na mateka, na Garrigan ameteswa karibu kufa. Junju anamfungua, anamvalisha koti, anamwingiza katikati ya mateka wanaoachiliwa. Stelingi anamuuliza kwa nini. Junju anamjibu, kwa maneno ambayo siyanukuu, kwamba amechoshwa na chuki, na kwamba aende akausimulie ulimwengu habari za Amin. Watamwamini kwa sababu ni mzungu. Ndege inaondoka. Junju anapigwa risasi.

VJ alinyamaza hapo. Kibanda kizima kilinyamaza, nikasikia mvua juu ya mabati. Kisha kijana mmoja wa mbele akapiga makofi kwa sababu ndege imepaa.

Nilitoka nikibishana na jirani yangu wa benchi, mwanafunzi wa sheria. Nikamwambia hii si haki. Akaniambia, "Ssebo, asipomwokoa hakuna filamu." Nikasema basi isiwepo. Akacheka: "Umelipa, umekaa mpaka mwisho, sasa unakataa?" Alikuwa na hoja. Pia alisema jambo ambalo nimelibeba tangu siku ile: Junju alichagua. Hakulazimishwa. Mtu mzima akiamua kutoa maisha yake kwa ajili ya mwingine, wewe ni nani umwambie ametumiwa?

Jibu langu la kwanza lilikuwa kwamba Junju hakuchagua chochote, aliyechagua ni mwandishi. Ni kweli, lakini ni jibu la mtu mvivu. Swali linabaki palepale kwa watu wa kweli. Katika kila familia iliyovuka mpaka kuna aliyekuwa Junju kwa hiari yake. Je, tukimsimulia kama ngazi ya mtu mwingine, tunamkosea, au tunasema tu kilichotokea?

Nikaanza kuwafuatilia waigizaji wenyewe, wale walioandikwa chini ya majina makubwa. Wasswa amechezwa na Stephen Rwangyezi. Mkazi wa Kampala hahitaji kuambiwa ni nani: ndiye aliyeanzisha kikundi cha Ndere mwaka 1984, na kikao chao, Ndere Centre, wageni wote wa mashirika wamewahi kupelekwa kula na kutazama ngoma. Masanga, mkuu wa usalama wa Amin, mtu mwenye macho ya baridi, amechezwa na Abby Mukiibi Nkaaga. Huyu ni mtu wa jukwaa, wa kundi la Afri Talent, michezo ya Kiganda, na sauti yake inajulikana redioni. Mwaka 2005, katika Sometimes in April ya Raoul Peck, alikuwa Kanali Bagosora. Katika The Mercy of the Jungle ya Mnyarwanda Joel Karekezi, hadithi ya askari wawili waliopotea katika msitu wa kwetu Kongo, iliyoshinda tuzo kuu ya FESPACO mwaka 2019, yumo pia.

Fikiria maisha hayo. Nyumbani, kwa lugha yako, wewe ni wa mbele, watu wanalipa kiingilio kwa ajili yako. Filamu ya wakubwa ikija, unakuwa mtu wa tano, wa sita, mara nyingi muuaji. Mtu anaweza kuliona hilo kuwa ni kushushwa. Mimi siku hizi naliona tofauti. Rwangyezi alikufa kwenye filamu kwa ajili ya Mskoti wa kubuni, akarudi kwake kwenye endere na ngoma. Kazi ya pembeni haikumla. Alikuwa na mahali pengine pa kuwa mtu mzima, na hapo ndipo penye tofauti yote, kwa sababu Wasswa hana pa kurudi. Yeye ni hizo dakika zake chache tu.

Kwa hiyo kuwa wa pili si aibu. Lazima mtu ashike taa. Hata wakubwa wa Marekani walichelewa kulijua hilo: tuzo ya mwigizaji msaidizi ilianza kutolewa mwaka 1937, na kwa miaka ya mwanzo wasaidizi hawakupewa sanamu kama wenzao, walipewa kibao cha ukutani. Hattie McDaniel, Mwafrika wa kwanza wa Marekani kushinda Oscar, mwaka 1940, alipewa kibao hicho. Usiku huo alikalishwa kwenye meza ya pembeni, mbali na waigizaji wenzake weupe.

Kuna mwingine ambaye vijana wetu wanamjua bila kujua jina lake. Barkhad Abdi, Msomali, mzaliwa wa Mogadishu, familia ilikimbia vita hadi Yemen, kisha Minneapolis. Alikuwa dereva wa limuzini. Hakuwahi kuigiza. Katika watu zaidi ya 700 waliojitokeza mjini kwao, akachaguliwa kuwa kiongozi wa maharamia katika Captain Phillips ya mwaka 2013, mbele ya Tom Hanks. Akapendekezwa kwa Oscar ya mwigizaji msaidizi, akashinda BAFTA. Filamu iliingiza zaidi ya dola milioni 200. Yeye iliripotiwa alilipwa 65,000. Mkimbizi, tena wa vita ileile ya Somalia, anacheza Msomali mwenye bunduki ili Mmarekani aokolewe. Mtu atasema aliuza sura ya watu wake. Mimi nauliza angefanya nini, aendelee kuendesha gari ili sisi tufurahi? Na aliifanya kazi ile hivi kwamba ukimtazama unashindwa kumchukia. Jina la filamu si lake, lakini macho yake yanakufuata ukitoka. Hilo hakupewa na mwandishi wa filamu, alilileta mwenyewe.

Nirudi kidogo kwa Amin, kwa sababu yuko mwigizaji mmoja ambaye historia imemkalisha pembeni vibaya zaidi. Joseph Olita, Mkenya, alicheza Amin mwaka 1981 katika Rise and Fall of Idi Amin, miaka miwili tu baada ya Amin kukimbia. Humo yeye ndiye alikuwa wa mbele kabisa. Mira Nair alipokuja Kampala kupiga Mississippi Masala, iliyotoka 1991, alimwita Olita tena kuwa Amin, safari hii kwa muda mfupi tu. Alifariki 2014. Ukimuuliza mtu leo nani alicheza Amin, atakuambia Whitaker.

Whitaker alijifunza Kiswahili kwa ajili ya kazi ile, na alifanya vizuri kujifunza, maana Amin alikisema. Lakini hapo napo kuna jambo linalotuhusu. Kwa wazee wengi wa Kampala Kiswahili ni lugha ya askari: ya kizuizini, ya mtu anayegonga mlango usiku. Mwaka wangu wa kwanza hapa nilimuuliza mama mmoja bei ya nyanya katika soko la Wandegeya, kwa Kiswahili changu chote cha heshima. Akarudi nyuma hatua moja, akaniita afande. Mimi! Nilikuwa nimewakimbia askari miaka miwili kabla. Kwenye filamu ya mama yule nafasi yangu ilikuwa imeshapangwa kabla sijafungua mdomo, na haikuwa nafasi ya aliyekimbia. Sikumlaumu. Siku hizi naanza na "Nnyabo" na Kiganda changu kilichovunjika, tunacheka, napewa nyongeza.

Na kuna watu wa kweli ambao hawakupata hata nafasi ya pembeni. Juu ya kilima, hatua chache kutoka mezani kwangu, aliongoza Frank Kalimuzo, mkuu wa kwanza wa Makerere ilipokuwa chuo kikuu kamili mwaka 1970. Alichukuliwa na watu wa Amin mwaka 1972, hakuonekana tena. Alikuwa mtu wa Kisoro, wilaya ileile ya Nyakabande, ambako wengi wetu tulilala chini ya plastiki tulipovuka. Daktari wa kubuni tumempa saa mbili za huruma. Kalimuzo mimi nilimjua kwa kuchapa tasnifu ya mtu.

Kupitia kazi hiyohiyo ya kuchapa nilikutana na Mjerumani Immanuel Kant. Mwanafunzi wa falsafa aliniletea sura tatu zilizoandikwa kwa mkono, mwandiko kama wa kuku. Kant aliandika mwaka 1785 kwamba mtu asitendewe kama chombo tu, bali kila mara pia kama lengo lenyewe. Nilipochapa "tu" nilidhani ni neno la kupitia. Baadaye nikaona uzito wote uko hapo. Hakusema tusitumiane. Konda anatumia abiria, abiria anamtumia konda, mimi namtumia mwanafunzi kulipa kodi ya chumba. Ubaya uko kwenye "tu". Junju ni njia ya kumtoa stelingi, sawa. Lakini je, ni hilo tu? Alikuwa na mke? Alipenda wimbo gani? Nani alimngoja nyumbani jioni ile? Filamu haikuwa na dakika mbili za kutuambia. Ingempa dakika hizo mbili, angekufa vilevile, na mimi nisingekuwa na ugomvi na mwanafunzi wa sheria.

Kufikia hapo nilikuwa nimefurahi. Nilikuwa na insha tayari, na adui pia ninaye. Wakati fulani walikuja watu na kamera, sitawataja, wakanihoji saa tatu kuhusu safari yangu. Ilipotoka, nilikuwa ndani kwa sekunde kama arobaini: mikono yangu kwenye kibodi, na juu yake sauti ya mwingine ikieleza nilivyojisikia. Hata jina la mji walilikosea. Nilipanga kuandika juu ya sekunde hizo arobaini, na ninyi wa mashirika mngeinamisha vichwa kidogo, na sisi wa kambini tungepiga makofi.

Ndipo yaya akaja.

Mtoto wake wa pili alikuwa na miadi Mulago, kwa hiyo walilala kwangu siku tatu. Mchana, wakisubiri majibu, alikaa dukani kwenye stuli karibu na mashine ya fotokopi, mtoto akilala juu ya maboksi ya karatasi. Katika toleo lililopita mlisoma insha yangu kuhusu tulivyotoka Bunagana mwezi wa saba mwaka 2012. Wengi mlinipigia simu kunipongeza, asanteni. Kumbe huko Rwamwanja waliisoma kwa sauti kwenye kundi lao la kusoma, na yaya alikuwepo.

"Mudogo," akaniambia, "nilisikia ile kitu uliandika."

"Uliipenda?"

"Iko muzuri. Watu balilia. Sasa ule wa bidon, njo mimi?"

Nilijua mara moja sentensi gani. Iko ukurasa wa pili: dada yangu akabeba bidon, tukaanza kupanda. Ni hiyo moja. Sikumtaja kabla, sikumtaja baada.

"Njo wewe, yaya."

"Hana jina?"

Nikasema jina nililiacha kwa ajili ya usalama. Akaitikia kwa kichwa. Lakini mimi ndiye niliyeandika, najua: mwalimu wangu nilimpa jina la bandia, jirani yetu nilimpa, hata mbuzi wetu alikuwa na jina. Yeye nilimpa bidon.

Niwaeleze jinsi nilivyokuwa stelingi. Nyakabande, kwenye meza ya kuandikishwa, foleni ilipotufikia, yaya alinisukuma mgongoni. Ongea wewe, akasema, wewe ulisoma. Mimi nilikuwa na miaka 18, yeye 26 na mtoto mgongoni, mama yetu mgonjwa ameegemea ukuta. Nikaongea. Ofisa akaandika jina langu la kwanza, na wao chini yangu. Mnaoishi kwa karatasi hiyo ya atestesheni mnajua maana ya mstari wa kwanza. Mkuu wa familia ndiye anayeitwa, ndiye anayesaini, barua zinakuja kwa jina lake. Mwaka 2014 mkuu wa familia akaenda Kampala kutafuta maisha. Mjini hakuna mgao. Yaya akabaki na mama, na shamba, na foleni za chakula, na mwaka 2018, wakati wa uhakiki wa alama za vidole, ndiye aliyenipigia mara tano nirudi nisije nikafutwa. Miaka miwili ya kwanza alinitumia maharagwe kwa basi. Stelingi alikuwa anakula mgao wa wengine, halafu anakwenda kulalamika kwamba kamera ilimpa sekunde arobaini.

Nikamwambia haya, kwa kigugumizi. Hakuonekana kuhitaji. Alikuwa anaangalia mashine inavyotema karatasi.

"Na ile bidon," akasema, "unazani nilibeba ju ya nini?"

"Maji."

"Maji iko mutoni, tungepita mutoni. Haikukuwa na maji."

Nikakumbuka ilivyokuwa nyepesi. Nikakumbuka pia kwamba tulipofika Nyakabande aliomba kisu kwa watu, akaikata katikati, bidon yetu pekee, na mimi nilimgombeza mbele ya kila mtu kwamba ni mjinga, sasa tutachotea nini. Hakujibu. Jioni ile alinipa buleteni zangu za shule, za miaka yote sita ya sekondari, zimekunjwa ndani ya nailoni. Nilizipokea. Nikazipeleka kwenye meza ile kesho yake, na baadaye Kampala, na ndizo zilizonipatia nafasi ya kusomea kompyuta, na kiti ninachokalia ninapoandika haya. Zilitoka wapi, sikuuliza. Kwa miaka yote hii nilikuwa nasema nilikimbia na buleteni zangu.

Alirudi nyumbani kuzichukua wakati risasi zimeshaanza. Alizikunja na kuzipitisha mdomoni mwa bidon kwa sababu askari barabarani walikuwa wanapekua mifuko, na karatasi za kijana aliyesoma zingewafanya waulize kijana mwenyewe yuko wapi. Mimi nilikuwa mbele kwenye migomba na mama. Nilidhani amechelewa kwa sababu ya mtoto.

"Ju ya nini hukuniambia?"

"Ulikuwa unanigombeza," akasema. Akacheka kidogo. "Kisha nikasahau. Kulikuwa mambo mingi."

Mwanafunzi akaingia na flash, anataka kurasa 84 nakala tatu, haraka. Nikazichapa. Yaya akasaidia kuzipanga, akazigonga mezani ziwe sawa, kama mtu aliyezaliwa kwenye duka la fotokopi.

Usiku nilifungua faili la insha ile ya zamani na kumwambia tuiandike upya, mhariri amekubali, yeye aseme mimi nichape. Alisema kwanza nifute mahali niliposema mama alilia, mama hakulia. Nikafuta. Alisema mbuzi hakuwa mmoja, walikuwa wawili. Nikaongeza. Kuhusu risasi alisema maneno machache sana. Kuhusu shamba la Rwamwanja, mwaka wa kwanza, jinsi ya kung'oa visiki, alizungumza mpaka saa sita. Nilimuuliza jina gani niweke, lake au la kubuni. Alifikiri kwa muda, akasema atanipigia akifika.

Alifika Jumanne. Bado hajaniambia. Mara ya kwanza salio lilikatika, mara ya pili tulizungumza juu ya dawa za mtoto na bei ya mahindi, na mimi sikutaka kumharakisha.